Ulimi wa Mwenye Shamba

Sisi tuliokua tukisikiliza redio ya mawimbi mafupi baada ya sala ya isha, huku mzee wa nyumba akizungusha kitufe taratibu kama mtu afunguaye kufuli la kasha la kale, tulilijua jina la mji wa Cologne kabla hatujajua mji wenyewe uko upande gani wa dunia. Maana Idhaa ya Kiswahili ya Deutsche Welle, iliyoanza kutangaza mwaka 1963, ilitusemesha kutoka mji huo mpaka ilipohamia Bonn mwaka 2003, na jina lile likawa kwetu kama jina la jirani ambaye sauti yake hupenya ukutani kila usiku ingawa uso wake hatujapata kuuona. Basi shughuli iliyonipeleka Ujerumani ilipokwisha, na siku tatu zikabaki kabla ya tiketi yangu ya kurudi, sikushauriana na mtu; nilipanda treni nikaenda kumwona jirani.

Huko nina mpwa wangu wa kike, mwanafunzi, na yeye ndiye aliyenipokea stesheni, mahali ambapo mtu akitoka nje tu hukabiliana na kanisa kuu la mji, jengo la minara miwili yenye urefu wa mita 157, jeusi kwa umri na kwa moshi, ambalo ujenzi wake ulianza mwaka 1248 ukamalizika mwaka 1880. Nililitazama kwa muda uliostahili. Kisha mpwa wangu akasema, "Mjomba, sasa nakupeleka makumbusho ya chokoleti." Nilicheka. Kwangu mimi makumbusho ni mahali pa mafuvu, mapanga yenye kutu, milango ya nakshi na sarafu za masultani, na sikuona kwa nini kitu cha kubembelezea watoto wanaolia kijengewe nyumba ya kumbukumbu na watu wazima watoe fedha zao kukitazama. Akaniambia, "Twende tu, mjomba, ukitoka ndipo ucheke," na kwa kuwa mgeni hana budi kumfuata mwenyeji wake, tukaandama ukingo wa mto Rhine kuelekea kusini, upepo ukitupiga mashavuni, mpaka tulipofika kwenye daraja dogo la kuzunguka lililojengwa mwaka 1888, ambalo huvusha watu hadi kwenye kipande cha ardhi kilichochongoka kuingia mtoni kama ulimi.

Juu ya ulimi huo ndipo nyumba ilipo. Nusu yake ni jengo la matofali la forodha ya zamani, na nusu ya pili ni kioo na chuma, imefanywa kwa sura ya merikebu iliyotia nanga, omo yake ikitazama maji. Na mtu wa pwani hahitaji mkalimani wa kumfasiria maana ya forodha na merikebu kukaa ubavu kwa ubavu, kwani babu zetu waliishi kwa hayo mawili, wakilipa ushuru wa karafuu na pembe kwa moja na kupakia mali katika jingine. Aliyeianzisha nyumba hiyo ni Hans Imhoff, tajiri wa mji huo, ambaye mwaka 1972 alikinunua kiwanda cha Stollwerck, kilichoasisiwa na Franz Stollwerck mwaka 1839, na mwaka 1993 akafungua makumbusho haya kwa umma. Hao akina Stollwerck walikuwa watu wa hila nyingi za biashara: waliweka mashine za kuuzia chokoleti kwenye vituo vya garimoshi, mtu akitumbukiza sarafu chokoleti ikateremka yenyewe; na mwaka 1903 walitengeneza santuri ndogo ya watoto ambayo sahani zake zilifinyangwa kwa chokoleti, hata mtoto akishachoshwa na wimbo aliweza kuutafuna. Sijapata kusikia njia bora kuliko hiyo ya kuukomesha wimbo mbaya, na yako mabasi ya kwetu ambayo ningependa yafungiwe santuri za namna hiyo.

Ndani kuna chumba kimoja cha vioo chenye joto na unyevu wa kwetu, na nilipoingia miwani yangu ilifunga ukungu papo hapo, nikasimama kama kipofu, pua ikinusa harufu ya udongo uliolowa ambayo sikuitarajia katika nchi ya baridi. Ukungu ulipoondoka nikauona mkakao. Ni mti mfupi, usio na majivuno, na jambo lake la ajabu ni kwamba matunda hayatoki ncha za matawi kama embe au chungwa, bali yametoka kwenye shina lenyewe, yameng'ang'ania gome kama fenesi, ila madogo, yenye mifuo ya kwenda juu na chini, rangi ya manjano mengine na mengine ya damu ya mzee. Tunda moja hubeba punje 30 hadi 40 hivi, zimepangana safu safu, na kila punje imevikwa nyama nyeupe yenye utelezi. Aliyepata kula shokishoki za Unguja amekwisha kuionja nyama hiyo, kwa maana ni tamu na kali kidogo vilevile, na haina hata chembe ya harufu ya chokoleti. Nilimwonyesha mpwa wangu lile shina, nikamwambia kwamba mti huu ni ndugu wa fenesi kwa tabia kama si kwa nasaba. Akanitazama kwa huruma ya wasomi.

Historia ya kakao imeelezwa humo kwa urefu, nami nitaikata. Mti ni wa asili ya misitu ya Amazon. Watu wa Meksiko ya kale walizifanya punje zake kuwa sarafu na kinywaji kwa wakati mmoja, kinywaji kichungu chenye pilipili na mapovu. Wahispania wakavipeleka Ulaya katika karne ya 16, wakatia sukari, na kwa karne tatu chokoleti ikawa kitu cha kunywewa na wenye nafasi katika vikombe vya kaure, ambavyo baadhi yake vimehifadhiwa humo kabatini na ni vizuri kupita kiasi. Hapo ndipo majina yanapoanza. Mwaka 1828 nyumba ya Van Houten ya Amsterdam ilipata hataza ya shinikizo la kukamua mafuta ya kakao. Mwaka 1847 akina Fry wa Bristol wakachanganya mafuta hayo na unga na sukari, wakapata chokoleti ya kutafuna. Mwaka 1875, huko Vevey katika Uswisi, Daniel Peter alifaulu kuitia maziwa. Na mwaka 1879 Rodolphe Lindt wa Bern akavumbua chombo cha kuisuga chokoleti kwa saa nyingi mpaka ikalainika kama hariri.

Niliposoma mwaka huo wa mwisho nilisita, kwa sababu 1879 ni mwaka ninaoujua kwa njia nyingine. Ndio mwaka ambao, kwa kauli inayofundishwa Ghana, mhunzi mmoja aliyeitwa Tetteh Quarshie alirejea kutoka kisiwa cha Fernando Po, alikokwenda kutafuta riziki, akiwa na mbegu za kakao, akazipanda Mampong katika vilima vya Akwapim. Na katika muda usiozidi miaka 40 nchi hiyo, kwa majembe ya wakulima wadogo na si kwa mashamba ya masetla, ikawa ya kwanza ulimwenguni kwa kakao. Leo ni Kodivaa iliyo mbele, na Ghana huifuata, na nchi hizo mbili peke yake hutoa zaidi ya nusu ya kakao yote ya dunia. Lindt na Quarshie, basi, walifanya kazi zao katika mwaka mmoja, na kazi ya mmoja haikamiliki bila ya mwenzake. Walakini jina la mmoja limeandikwa kwa dhahabu juu ya karatasi za chokoleti katika kila uwanja wa ndege, na la pili hulijui, ewe msomaji, ila kama ulisoma Ghana. Simlaumu Bwana Lindt kwa hayo. Mwenye kiwanda huliandika jina lake kwa sababu anayo karatasi ya kuliandikia. Mkulima anauza gunia, na magunia ya wakulima elfu hufanana.

Makumbusho ya namna hii yangeweza kuyaruka mambo machungu, lakini humo hayakufichwa: ajira za watoto katika mashamba ya Afrika ya Magharibi zimetajwa, na udogo wa fungu la mkulima katika bei ya chokoleti dukani. Nilisoma, nikaguna kama kila mtu alivyoguna, kisha nikafuata harufu. Harufu ile humwongoza mtu tangu mlangoni kama kamba isiyoonekana, na mwisho wake ni kwenye ncha ya merikebu, penye vioo pande zote na mto ukipita nje, ambapo pamesimamishwa chemchemi ya chokoleti yenye kimo cha mita 3, na ndani yake mna kilo 200 za chokoleti ya moto zinazobubujika. Kando yake alisimama mama mmoja mwenye mavazi meupe, akichovya vipande vya kaki nyembamba ndani ya mchirizi na kumgawia kila aliyenyoosha mkono. Nami niliyecheka asubuhi nilikuwa wa saba katika safu, nyuma ya mzee wa Kijerumani mwenye mkongojo ambaye, kwa ushahidi wa macho yangu, alikuwa amerudi mara ya pili.

"Usitafune, mjomba," mpwa wangu akanionya. "Iache."

Niliiacha. Kwanza ilikuwa moto, kisha utamu, kisha nyuma ya utamu pakaja kitu kichungu na kizito kinachokaribia kahawa, kikakaa juu ya ulimi muda mrefu baada ya kaki kwisha. Siri ya jambo hili si uchawi wa Waswisi: mafuta ya kakao huganda katika hali ya kawaida ya nyumba, na huyeyuka yafikapo nyuzi 34 hivi, kidogo tu chini ya joto la mwili wa binadamu, kwa hiyo kipande kilicho kigumu mkononi hugeuka maji kinywani bila kazi ya meno. Mungu aliuumba mkakao chini ya jua la ikweta, na mafuta yake akayapimia kinywa cha mwanadamu. Nilikula kaki mbili. Ya pili niliiomba kwa ajili ya mpwa wangu, naye alikataa.

Laiti mambo yangeishia hapo, ningerudi nyumbani na hadithi ya kuchekesha barazani. Kesho yake, tukitembea katika mtaa wa maduka madogo, tukaingia kwenye duka ambalo mwenyewe huonjesha wateja kabla ya kuwauzia, na kuonja kwake ni ibada yenye nguzo zake. Huikata chokoleti karibu na sikio ili usikie mlio, maana iliyotulizwa vizuri hulia "ta!" kama ukuni mkavu, na iliyoharibika hupinda kimya, huifikicha kwa kidole inuke, kisha huiweka ulimini, hufumba macho, na kungoja. Alituwekea vipande vitano juu ya kibao. Cha tatu alikitoa katika karatasi ya kahawia, na juu ya karatasi hiyo, wazi kabisa, pameandikwa TANZANIA.

Moyo wangu ulipanda. Nikamwambia kwamba hiyo ndiyo nchi yangu, naye akafurahi furaha ya kweli, akaita na mwenzake aliyekuwa nyuma ya duka. Akasema kakao ya kwetu huijua hata akiwa amefungwa kitambaa machoni, kwa kuwa ina ukali wa matunda mekundu, na hiyo ndiyo sababu huinunua. Kisha akaniuliza, kwa adabu na kwa shauku ya mtu anayedhani amempata mwalimu, kama sisi wenyewe huionja namna gani: huko nyumbani, tukiila, huifananisha na tunda gani?

Nilikosa jawabu. Umri wangu wote nimesema na kuandika juu ya mazao ya nchi hii, nazijua tofauti za karafuu ya Pemba iliyoanikwa vizuri na iliyonyeshewa, naweza kuikataa halua iliyopikwa kwa haraka kabla haijafika kinywani. Lakini kakao ya Tanzania nilikuwa naionja mara ya kwanza, Cologne, mkononi mwa Mjerumani, na yeye ndiye aliyenifundisha kuwa ina ladha ya matunda. Mpwa wangu akajifanya anatazama dirisha.

Nikamkumbuka mama mmoja wa Kyela. Niliwahi kupita bonde lile, kaskazini ya Ziwa Nyasa, ambako mvua hazina msamaha na mikakao hukaa chini ya kivuli cha migomba, nikazikuta punje zimeanikwa mbele ya nyumba, nyekundu nyekundu, mwenyewe akizigeuza kwa mkono huku akifukuza kuku kwa mguu. Baada ya shikamoo na marahaba nikamwuliza kakao hii, au kokoa kama wengi huko waitavyo, hutengenezewa nini. Akanijibu bila haya wala majuto: "Sisi tunapeleka ghalani, mwanangu, inapimwa, tunangoja mnada. Huko inakokwenda sijui wanaifanyaje." Siku ile nililiona jawabu hilo kuwa la mtu asiyesoma. Cologne nilifahamu kuwa ndilo lilelile jawabu langu, tofauti ni kwamba yeye alilitoa bila kuona aibu.

Huenda msomaji akasema: na iwe hivyo, kuna ubaya gani? Mkulima wa mkonge hali kamba, na mchimba dhahabu si lazima avae mkufu. Lakini mkonge hauna ladha, na bei yake haitoki ulimini. Kakao bei yake hutoka ulimini, na ulimi huo hupata habari zake shambani. Punje zikishatolewa katika tunda hurundikwa na kufunikwa kwa majani ya mgomba au kutiwa katika masanduku ya mbao, zivundike siku tano hadi saba. Katika siku hizo ile nyama tamu huchachuka, rundo hupata moto mpaka likafika nyuzi 45 na zaidi, mbegu hufa, na katika kufa kwake ndipo hujengeka kile ambacho baadaye, kikaangoni, kitakuwa chokoleti. Punje iliyoanikwa bila kuvundikwa ukiipasua kwa kisu huikuta ya kijivu kama sleti, na hata wakaikaange Waswisi wote haitakuwa chochote ila uchungu unaokausha ulimi. Utamu wa chokoleti, yaani ule usiotokana na sukari, umetengenezwa nusu yake Kyela na Kilombero, na waliotengeneza hawajui kuwa wametengeneza.

Wanaambiwa, naam. Maafisa ugani huwaambia: vundika siku sita, geuza mara kadhaa, anika juu ya chanja, usianike barabarani. Lakini amri usiyoijua sababu yake unaitii siku ambayo huna shida, na siku ya shida, mtoto anapodaiwa ada au mgonjwa yuko kitandani, anapotokea mwenye pikipiki akitaka kununua kakao mbichi kwa fedha taslimu, hiyo amri ya siku sita huonekana kuwa matakwa ya watu wa mbali wasiojua maisha. Mwambie mgema asubiri tembo lake likolee, hatakuuliza kwa nini, kwa sababu analionja kila alfajiri akiwa bado juu ya mnazi, na ulimi wake umekwisha kumwambia kabla yako. Mkulima wa kakao ni mgema ambaye hajapata kulowesha midomo.

Wapo waliokwisha kuuona upungufu huu wakautafutia njia. Katika kijiji cha Mbingu, bonde la Kilombero, kampuni ya Kokoa Kamili hununua kakao ikiwa mbichi na kuivundika yenyewe mahali pamoja, kwa uangalifu, na watengenezaji wa chokoleti wa Ulaya na Marekani huinunua na kuliandika jina la nchi yetu juu ya karatasi zao. Ni kazi njema na matunda yake nimeyaonja kwa maana halisi ya neno. Hata hivyo njia hiyo huipeleka elimu ghalani, na mimi naitaka iende pia nyumbani. Wenzetu wa kahawa wana waonjaji wao Moshi, watu wanaovuta kahawa kwa kijiko kwa sauti kubwa kama watoto wasio na adabu, wakaitema, wakatoa hukumu ambayo huenda na mzigo mnadani. Na mnunuzi ajapo anajua kwamba upande wa pili wa meza kuna ulimi uliofunzwa sawasawa na wake. Kakao haina haki hiyohiyo?

Kwa hiyo rai yangu ni kwamba Kyela ijengewe nyumba ya kuonjea kakao. Sisemi kiwanda. Habari za kiwanda huja kila baada ya uchaguzi na huondoka salama, na wenye hesabu watatuambia, kwa haki, kwamba kipande cha chokoleti hakivumilii jua letu, kwamba maziwa, sukari safi, vyumba vya baridi na karatasi za fedha vina gharama, na kwamba Uswisi haikuanza jana. Nakubali yote. Lakini nimekwisha kutaja kwamba mpaka mwaka 1847 chokoleti ilikuwa kitu cha kunywa, na kinywaji hakiyeyuki. Punje zilizovundikwa na kuanikwa hukaangwa katika kikaango cha kawaida kama tukaangavyo buni au karanga, humenywa maganda kwa vidole, hutwangwa kinuni zikiwa bado na moto mpaka mafuta yatoke na unga ugeuke uji, na uji huo hukorogwa katika maji ya moto au maziwa. Yote hayo hufanywa kwa vyombo vya jikoni kwa mama yako. Watu wetu wa pwani, ambao kwa karne nyingi wamekaa barazani wakinywa kahawa chungu isiyo na sukari, kikombe kidogo kisicho na mkono, na kipande cha kashata au tende kando yake, hawahitaji kufundishwa na mtu kwamba uchungu na utamu hupendeza vikikaa jirani; kakao chungu na kashata ya nazi ni ndoa ambayo nashangaa haijafungwa bado.

Na nyumba yenyewe isiwe ya watalii kwanza. Tunayo mazoea ya kujenga vitu vya kuwaonyesha wageni na kuwaacha wenyeji nje ya ua. Zanzibar ina ziara za viungo, Kizimbani na kwingineko, ambapo kijana hodari humfikichia mgeni jani la mdalasini, humpasulia kungumanga, humfunga tai ya ukuti, na mgeni huondoka akijua mambo ambayo mtoto wa Mjini aliyezaliwa nusu saa kutoka hapo hayajui, kwa sababu hajapelekwa hata mara moja. Nyumba ya Kyela mgeni aje, akaribishwe, alipe. Lakini mtu wa kwanza kukaa mezani awe mkulima, na wa pili awe mwanafunzi wa shule ya msingi, na mbele yao viwekwe vikombe viwili: kimoja cha kakao iliyovundikwa siku sita, na kimoja cha kakao iliyoanikwa siku ileile ilipopasuliwa. Afisa ugani asiseme neno. Anywe mtu hiki, anywe na hiki. Halafu zipasuliwe punje za kila rundo kwa kisu, aone kwa macho yale aliyoyasikia kwa ulimi, rangi ya kahawia yenye mianya upande huu, na sleti upande ule. Na baada ya hapo mwenye pikipiki na aje na fedha zake taslimu, mkulima atajua anachouza na anachopoteza, na akiuza kwa sababu ya shida atauza akiwa na akili yake timamu.

Na kuhusu bei, watu wa Pwani ya Dhahabu, yaani Ghana ya leo, katika mwaka 1937 na 1938 walizuia kakao yao wasiuze, kwa miezi mingi, makampuni ya wanunuzi yalipokubaliana kwa siri juu ya bei, hata serikali ya Uingereza ikalazimika kuleta tume kuchunguza. Na Desemba 2024 tani moja ya kakao ilipita dola 12,000 katika soko la New York, kisha ikashuka tena kama tiara iliyokatika uzi. Bei za namna hiyo hazipangwi Kyela wala hazitapangwa Kyela karibuni, na nisingependa mtu adhani kwamba vikombe viwili vitazipindua. Lakini katika kila bei, iwe ya juu au ya chini, pana fungu la ziada analopewa mwenye kakao nzuri, na fungu hilo hukosekana kwa asiyejua kuwa anayo.

Niliporudi nilikuja na vipande vitatu vya chokoleti ile ya karatasi ya kahawia. Kimoja niliwagawia wajukuu, wakasema ni chungu na wakaniuliza kama sikuleta zile za maziwa. Cha pili kiliyeyuka katika mkoba. Cha tatu nimekiweka ndani ya jokofu, nyuma ya samaki, nikingoja safari ya Mbeya, kwa kuwa kuna mama mmoja wa Kyela ambaye nina deni naye la jawabu. Nao waheshimiwa madiwani wa huko, kama wataona rai hii ina gharama isiyobebeka, waanze na kikaango kimoja, kinu, mchi, na sukari kilo mbili, chini ya mwembe wowote ulio karibu na ghala la ushirika. Siku wakitangaza, kikombe changu nitakuja nacho mwenyewe.